UZI: Kuota mfalme, sultani au mtemi kuna maana gani? Karibuni tujadili kwa kina

Mwana wa Ng'ambo (mleta uzi) aliandika:

Wanajukwaa, heshima kwenu nyote.

Mara kwa mara huletwa hapa swali la mtu aliyeota ameketi na mfalme, amevikwa taji au ameitwa ikulu, na majibu huwa ni yale yale: utapata cheo, utatajirika, nyota yako imewaka. Nimeona jambo hili lifunguliwe uzi wake, kwa sababu majibu hayo ya mkato hayatoki kwa wafasiri wa zamani ambao majina yao hutajwa kuyapa nguvu. Ukiwasoma wafasiri wenyewe, utaona kwamba hawakukubali kuihukumu ndoto ya mfalme kabla ya kujua aliyeiota ni nani, yuko katika hali gani, na huyo mfalme alimtazama kwa jicho gani.

Chukueni mfano wa Artemidorus wa Daldis, Myunani wa Asia Ndogo aliyeishi katika karne ya 2. Huyu hakukaa chumbani akibuni maana. Aliwafuata waaguzi wa masokoni na wa kwenye sherehe za miji, akakusanya ndoto pamoja na yaliyowapata walioziota, akayaandika kitabuni. Kuhusu mtu anayeota kuwa yeye mwenyewe ndiye mfalme, alitoa hukumu kadhaa zinazopingana. Akiwa mgonjwa, atakufa, kwa sababu mfalme hana anayemtawala, na maiti naye hana. Akiwa mtumwa, atapata uhuru, kwa kuwa haiwezekani mtu awe mfalme bila kuwa huru kwanza. Akiwa mhalifu, atakamatwa na kufungwa, maana mfalme huonekana na kila mtu na huzungukwa na walinzi wengi. Akiwa fukara, atafanya mambo ya kusifiwa ambayo hayatamletea faida yoyote. Hukumu ya mhalifu ndiyo inayonivutia zaidi, kwa sababu wengi wetu tukiota tumezungukwa na walinzi tungeamka tukitabasamu.

Kitabu chake kilitafsiriwa kwa Kiarabu katika karne ya 9 na Hunayn ibn Ishaq, tabibu na mfasiri mashuhuri wa Baghdad, na ndiyo maana haishangazi kukuta fikra zinazofanana katika vitabu vya tafsiri za ndoto vya Waislamu vilivyoenea hadi pwani yetu. Kinachojulikana zaidi ni kile kinachouzwa kwa jina la Ibn Sirin. Ibn Sirin mwenyewe alikuwa mwanachuoni wa Basra aliyefariki mwaka 110 Hijria, sawa na 729 Miladia, na kitabu hicho kilikusanywa na watu wengine muda mrefu baada yake. Hata hivyo, ndani yake mna kanuni iliyo wazi: sultani katika ndoto hurejezwa kwa Mwenyezi Mungu, hivyo akionekana mwenye furaha ni dalili ya radhi, na akionekana amekunja uso ni dalili kwamba kuna jambo limeharibika katika dini ya mwenye ndoto. Kwa hiyo anayekuja hapa kuuliza "nimeota sultani" bila kusema sultani alikuwa na uso gani, ameacha nusu ya ndoto kitandani.

Kuhusu Ibn Sirin husimuliwa pia kisa cha watu wawili walioota jambo moja, kwamba wanaadhini. Mmoja aliambiwa atakwenda Hija, kwa aya inayomwamrisha Ibrahimu kuwatangazia watu Hija. Mwingine aliambiwa ni mwizi na atakamatwa, kwa aya ya Sura Yusuf ambamo mtangazaji aliwaita wasafiri wezi. Ibn Sirin alipoulizwa, alisema ameona alama za kheri kwa wa kwanza na hakuziona kwa wa pili. Sasa ikiwa adhana, jambo tukufu kiasi hicho, inaweza kumgeukia mtu, vipi kiti cha enzi?

Naomba michango yenu, hasa kutoka kwa wenzetu wa sehemu ambazo tawala za jadi zilikuwa na mizizi.

Binti Shangani aliandika:

Ahsante sana kaka kwa uzi huu. Mimi ni wa Unguja, na ningependa kuongeza upande ambao vitabu vya Kiarabu haviugusi. Kwetu, mwanamke akisimulia kwamba ameota mfalme au malkia wa kigeni, mwenye mavazi yasiyo ya hapa, aliyesimama kimya au aliyemwomba kinywaji, wazee hawampongezi. Wanaulizana kwa macho kwanza. Kisha mmoja huuliza kama amekuwa akiumwa kichwa au kiuno, na kama mzazi wake au nyanya yake alikuwa na kibuki.

Kwa wasiofahamu, pepo wa kibuki hutoka Bukini, yaani Madagaska, na wengi wao si pepo wa hivi hivi bali ni wafalme, malkia na wana wa kifalme wa Wasakalava waliokwisha kufa. Huko kwao Wasakalava wana desturi ya kupandwa na roho za watawala wao, na desturi hiyo ilivuka bahari ikafika Ngazija na Unguja. Huku kwetu husemwa kwamba pepo hao ni Wakristo, kwa hiyo hunywa brandi, jambo linalowatia aibu wengi wa viti vyao, yaani watu wanaopandwa nao, ambao ni Waislamu wanaofunga na kuswali. Nimewahi kukaa katika ngoma ya kibuki nikamwona mama wa makamo, ambaye mchana ule alikuwa akichambua mchele na sisi, amejitanda shuka begani, ameketi kwa kunyooka kama hajawahi kuinama maishani, akinyoosha mkono bila kusema neno, na watu wakajua kwamba anataka kinywaji chake na kwamba haifai kumcheleweshea.

Ninachotaka kusema ni kwamba katika desturi hii mfalme anayekuja usingizini hakuletei cheo. Anakuja kudai. Akishakubaliwa, lazima afanyiwe ngoma, anunuliwe vitu vyake, apewe heshima yake kila inapofika zamu, na gharama hizo humwangukia yule aliyeota na jamaa zake. Shekhe wetu wa mtaani husema moja kwa moja kwamba hiyo ni ndoto ya shetani: mtu ateme mate kidogo kushotoni mara tatu, ajikinge kwa Mwenyezi Mungu, ageuke ubavu mwingine na asimsimulie mtu. Mafundi wa kibuki nao husema ukinyamaza maradhi yatazidi. Mimi sijaja kuwaamulia, ila natamani wale wanaoandika "hongera, utatawala" wajue kwamba kwetu kuna mtu atalisoma jibu hilo asilale.

Mzee wa Kanyigo aliandika:

Binti, umesema vizuri, na mimi mzee wako nakuunga mkono kutoka upande wa ziwa.

Sisi Wahaya tulikuwa na wafalme wengi, kila himaya na Omukama wake, na kwa sehemu kubwa walitoka katika ukoo wa Bahinda. Zaidi ya hao, tulikuwa na wafalme wasioonekana. Wamara, ambaye masimulizi yanamtaja kuwa mfalme wa Bachwezi, watawala wa kale wa masimulizi, alishuka kuzimu akaendelea kutawala huko, na watu walimtolea sadaka kupitia wale waliokuwa wakipandwa naye. Kwa hiyo mtu wa zamani akisema ameota mfalme, swali la kwanza lilikuwa: yule wa ikulu au yule wa kuzimu?

Na hata akiwa yule wa ikulu, msidhani ilikuwa furaha. Kulikuwa na utaratibu ulioitwa nyarubanja. Mtawala aliweza kuichukua ardhi ya kibanja, yaani shamba la migomba la nyumbani, pamoja na watu waliokuwamo, akampa ndugu yake au mtumishi aliyempendeza, na tangu siku hiyo wewe uliyezaliwa katika migomba ile, uliyemzika baba yako pale pale, ukawa mpangaji wa mtu na kumlipa kila mwaka. Wakati wa wakoloni utaratibu huo ulizidi kukazwa, na haukufutwa kwa sheria mpaka miaka ya 1960, baada ya serikali ya Tanganyika kuondoa utawala wa machifu mwaka 1963. Fikirini basi mkulima wa wakati huo anaota Omukama amesimama mlangoni kwake akiitazama migomba. Mtamwambia nini? Kwamba nyota yake imewaka? Baba yangu aliniambia kwamba ndoto ya namna hiyo ilimfanya mtu aamke aende kukagua mipaka yake kabla ya kunawa uso.

Tena kwetu mfalme hakuhitaji kuonekana. Ngoma ilitosha. Katika nchi zote za maziwa makuu, ngoma ya utawala ilikuwa ndiyo utawala. Burundi ilipopata uhuru mwaka 1962, iliiweka ngoma Karyenda katikati ya bendera yake, na ufalme ulipoangushwa mwaka 1966 ngoma nayo ikaondolewa. Mtu akisikia usingizini ngoma inalia bila kumwona mpigaji, wazee waliichukua kuwa ndoto ya kifalme, na waliuliza ilikuwa inaita au inaaga.

Vijana wa siku hizi wanaoota wafalme wenye mataji ya dhahabu na makoti mekundu wameyatoa kwenye televisheni. Mfalme wa kwetu sisi alivaa ngozi na magome.

Msomaji Huru aliandika:

Shikamoo mzee. Naomba niwe mpinzani kidogo, kwa adabu.

Kauli yako ya mwisho kuhusu televisheni ndiyo jibu la uzi mzima. Tangu watafiti Aserinsky na Kleitman walipoeleza mwaka 1953, huko Chicago, kipindi cha usingizi ambacho macho hucheza chini ya kope, ndoto zimechunguzwa kwa kuwaamsha watu na kuwauliza walikuwa wanaona nini. Mwanasaikolojia Calvin Hall alikusanya maelfu ya ndoto za watu wa kawaida, na alichokiona ni kwamba watu huota yale yale yanayowashughulisha mchana: jamaa zao, kazi zao, hofu zao. Mfalme huingia ndotoni kwa sababu umemwona mahali au umemfikiria. Nchini Uingereza, mwaka 1972 kilichapishwa kitabu kizima cha ndoto ambazo raia waliota kuhusu Malkia Elizabeth II na jamaa zake, na ndoto iliyojirudia sana ilikuwa ya kunywa naye chai. Chai tu. Waingereza walikuwa wakiiona sura yake kwenye stempu na sarafu kila siku, wangemkosaje usingizini?

Sigmund Freud naye, tabibu wa Vienna aliyeanzisha uchanganuzi wa nafsi, katika kitabu chake cha tafsiri ya ndoto kilichotoka mwishoni mwa 1899, alisema kwamba mfalme na malkia katika ndoto mara nyingi ni baba na mama wa anayeota, na mwana wa mfalme ni mwenye ndoto mwenyewe. Sikubaliani naye katika mengi, lakini hapo naona kuna jambo. Mtawala wa kwanza ambaye kila mmoja wetu alimjua ni yule aliyetuamuru tukalale.

Kwa hiyo mimi nasema hakuna habari za kesho ndani ya ndoto ya mfalme. Kuna habari za jana.

Mwana wa Ng'ambo aliandika:

Ndugu Msomaji Huru, hatuko mbali kama unavyodhani. Hadithi ya Mtume inagawa ndoto katika mafungu matatu: njema inayotoka kwa Mwenyezi Mungu, ya kuhuzunisha inayotoka kwa shetani, na ile ambayo ni mazungumzo ya mtu na nafsi yake. Fungu la tatu ndilo hilo la Calvin Hall. Wazee walilijua, na mfasiri mwaminifu alikuwa akimrudisha mtu nyumbani kwa kumwambia kwamba ndoto yake haina tafsiri. Wafasiri wa simu wa siku hizi hawana jibu hilo, kwa sababu halilipiwi.

Nikirudi kwenye mada, naona tumesahau kisa kikubwa kuliko vyote, ambacho Waislamu na Wakristo tunakisoma kwa pamoja. Angalieni nani anaota nini katika kisa cha Yusufu. Mfalme wa Misri hakuota kiti wala fimbo ya enzi. Aliota ng'ombe saba walionona wakiliwa na saba waliokonda, na masuke. Aliota chakula cha raia. Wakuu wake wakamwambia hizo ni ndoto zilizovurugika. Yusufu, mtoto wa mchungaji, naye hakumwona mfalme yeyote katika ndoto yake: aliona nyota kumi na moja, jua na mwezi vikimsujudia. Hiyo ndiyo ndoto ya ukuu kuliko zote, na haina hata kipande cha dhahabu. Katika Qurani, baba yake alipoisikia hakumpongeza, bali alimwonya asiwasimulie ndugu zake, kwa sababu alijua watakavyoipokea.

Walioota mambo ya ikulu ni wale wafungwa wawili, waliokuwa watumishi wa mfalme. Someni Mwanzo sura ya 40 polepole. Mnyweshaji aliota anakamua zabibu ndani ya kikombe na kukitia mkononi mwa Farao. Mwokaji aliota amebeba vikapu vitatu kichwani, na katika kile cha juu vyakula vya Farao, na ndege wakavila. Wote wawili wamo katika kumtumikia mfalme, na kwa mtazamo wa haraka ndoto zao ni sawa. Tofauti ni kwamba katika ndoto ya kwanza mfalme alipokea, na katika ya pili chakula chake hakikumfikia. Wa kwanza alirudishwa kazini siku ya tatu, wa pili akatundikwa. Kwa maoni yangu, hapa ndipo penye kipimo kinachofaa kuliko orodha zote: usiulize tu kama ulimwona mfalme, uliza kilichopita kati yako na yeye. Alikupa? Ulimpa? Alikipokea? Kibuki wa Binti Shangani anadai kinywaji, Omukama wa mzee wetu anaitazama migomba, malkia wa Waingereza anapokea kikombe cha chai.

Kaka Mkubwa wa Mbagala aliandika:

Wakuu, nimefuatilia uzi huu kimya kimya, sasa naomba msaada wenu. Mimi ni mwanamume, mtoto wa kwanza wa familia ya watoto sita. Niliota nimevikwa taji la dhahabu, zito sana, mbele ya watu wengi. Nilimpigia mtaalamu mmoja aliyejitangaza mtandaoni, akaniambia nina nyota ya utawala ila imefunikwa na watu wa ukoo, akataka laki tatu za kuisafisha na kuisimika. Nilituma hamsini elfu ya kuanzia, kisha akasema nyota imegoma na inahitaji mbuzi mweusi. Hapo nikasita.

Mwana wa Ng'ambo aliandika:

Pole ndugu yangu, na usitume senti nyingine.

Wafasiri wa Kiislamu hawaipendi dhahabu kichwani mwa mwanamume, kwa kuwa kwake ni pambo lililokatazwa. Taji ambalo kwa mwanamke asiyeolewa hufasiriwa kuwa ni ndoa, kwa mwanamume huweza kuwa mzigo au jambo la kumsumbua. Lakini kabla ya kusema lolote, naomba utueleze nani alikuvika, na ulipovikwa ulijisikiaje.

Kaka Mkubwa wa Mbagala aliandika:

Alinivika marehemu baba. Hakusema kitu, alikuwa ameketi kwenye kiti chake cha barazani, akaniita kwa mkono. Nilikuwa natamani kulivua lakini wadogo zangu walikuwa wananitazama.

Mzee wa Kanyigo aliandika:

Mwanangu, mirathi ya baba yako imekwisha kugawanywa?

Kaka Mkubwa wa Mbagala aliandika:

Shikamoo mzee. Bado, ni mwaka wa tatu sasa. Kuna nyumba ya vyumba sita, wapangaji wanalipa kodi kwangu, na wadogo zangu wameanza kuuliza.

Msomaji Huru aliandika:

Mimi nilisema mfalme ni baba, mkanicheka moyoni.

Mzee wa Kanyigo aliandika:

Hakuna aliyekucheka, mjukuu. Ila Freud hakujua habari za kodi za vyumba sita.

Kaka Mkubwa, sikiliza. Itisha kikao cha ukoo, wadogo zako wote wawepo, na andikeni muhtasari wa kumpendekeza msimamizi wa mirathi, kila mmoja atie sahihi. Uchukue muhtasari huo na cheti cha kifo uende navyo Mahakama ya Mwanzo ya eneo alikokuwa akiishi marehemu, ufungue shauri la mirathi. Na hesabu ya kodi uliyokwisha kupokea iandae kabla ya kikao, mwezi kwa mwezi, usingoje kuulizwa. Ukimaliza, njoo utuambie kama taji limerudi usingizini, na kama lilikuwa na uzito ule ule.

Binti Shangani aliandika:

Kaka, na dada zako nao wawemo katika huo muhtasari, si wanaume peke yao.